Modeli 78

"Kompyuta iliyopo ofisini si yetu." Faiza wa Idara ya Usalama aliongea haraka kwenye simu. "Windows inaandika Core i7, lakini kitambulisho cha prosesa kinasema modeli 78. Yetu ni 142. Imeibwa."

Shaame, mpelelezi mwenzake, alishaanza kukimbia.

Kompyuta ile ilikuwa na jina la Mwanakhamis, mkulima wa mwani wa Matemwe aliyetoa siri ya boti zinazoshusha silaha. Jina hilo likivuka bahari, wenye boti watamchinja.

"Nani kaweka ya bandia?"

"Borafya. Muuza kompyuta za mtumba Darajani, anayetutengenezea mashine. Kaonekana akipanda chumba cha juu, hoteli ya Shangani."

Shaame alitema mate. Alimjua jirani yake huyo: Mwanakhamis ni mama mdogo wa Borafya. Ndiye aliyemlea.

Akaupiga teke mlango wa chumba kile cha hoteli. Bastola ya Glock mkononi.

Bastola nyengine, Beretta, ilikuwa inamngoja. Keller, mgeni anayemiliki zile boti, alimwelekezea kifuani. Mezani palikuwa na kompyuta nyeusi, ThinkPad. Borafya alisimama pembeni, ananuka udi na jasho, begi limebanwa kwapani.

"Weka chini," Keller alisema.

Shaame akaiweka Glock. Akalitazama lile begi.

"Umeikagua uliyouziwa?"

"Core i7. Nimeona."

"Hilo jina tu. Huyu analiandika kwenye kila kimeo cha dukani kwake. Iulize chipu yenyewe. Ya Idara ni modeli 142."

"Muongo huyo, bwana," Borafya alisema. "Usimsikilize."

"Andika," Keller alimwamuru Shaame.

Shaame akasogea mezani. Akafungua dirisha jeusi la amri, akaandika mstari mmoja.

Familia 6. Modeli 78.

Mdomo wa Beretta ukamgeukia Borafya.

Ilitosha. Shaame akamtandika Keller kwa ile ThinkPad, chini ya sikio. Keller akaanguka kama gunia. Pingu.

Ndani ya begi mlikuwa na ThinkPad nyengine. Akaiwasha, akaandika mstari uleule.

Modeli 142.

"Yule nlimpa kimeo," Borafya alisema, anachekacheka. "Hii nlimwekea mteja mwengine. Biashara tu, jirani."

"Ulijua jina la mama yako mdogo limo?"

"Nlijua."

Shaame alimfunga pingu kwa ncha za vidole, kama anayeokota panya aliyeoza. Akapiga simu.

"Shikamoo, Bi Mwanakhamis."

"Marahaba. Sema upesi mwanangu, nnafunga mwani kambani, maji yanajaa."

"Endelea kufunga."

Akafuta mikono kwenye pazia, vidole vyote. Akaichukua kompyuta ya Idara, akashuka ngazi taratibu.