Sauti Sebuleni

Haya yalimpata Teresiah, mke wa Wahome, pale Buruburu. Kanisani walikaa benchi la mbele wameshika kitabu kimoja cha nyimbo, na wachumba walitumwa kwao kupewa ushauri wa ndoa. Nyumbani walikuwa hawajasemezana kwa miaka miwili. Akitaka chai, Wahome aligonga kikombe mezani. Binti yao, Kate, alikuwa shule ya bweni. Hakujua lolote.

Jumamosi moja, saa nane mchana, Teresiah alikuwa jikoni akikata sukuma wiki. Akamsikia Wahome akiongea sebuleni. Akadhani ni simu. Kisha Wahome akacheka, na mwanamke akacheka naye.

Teresiah akaweka kisu chini. Sauti ile aliijua. Ilikuwa yake mwenyewe.

"Baba Kate, nikuongeze chai?"

"Imetosha, mpenzi."

Neno hilo Teresiah alikuwa amelisahau.

Akanyata hadi mlangoni. Wahome alikuwa kochini peke yake, ameinama kuelekea kiti kitupu. Mto wa kile kiti ulikuwa umebonyea.

"Na huyu wa jikoni," sauti ikanong'ona, "anaondoka lini?"

"Hivi karibuni. Amechoka."

"Mharakishe."

Mto ukainuka polepole. Mtu alikuwa amesimama.

Teresiah alitoka kwa mlango wa nyuma, miguu mitupu. Jirani yake, Asenath, alikuwa akianika nguo.

"Nifiche," Teresiah akanong'ona.

Asenath akarudi nyuma hatua mbili. "Mama Kate, umetokea wapi? Si ni wewe yule dirishani?"

Teresiah hakugeuka. Alikimbia hadi barabarani, akaenda kwa kaka yake Naftaly, mtaa wa Umoja.

Wiki moja baadaye walirudi wote wawili kuchukua nguo zake. Wahome alifungua mlango, amenyoa vizuri, amenawiri. Akamtazama mwanamke aliyeishi naye miaka kumi na sita.

"Mama, unamtafuta nani?"

Hakuwa akiigiza. Teresiah aliyajua macho ya mumewe anapodanganya, na haya hayakuwa hayo.

Naftaly akampiga Wahome kikumbo, akaingia hadi chumbani. Hakukuwa na mtu. Kabatini, magauni ya Teresiah yalikuwa yametundikwa yote kwa mpangilio. Akavuta moja. Akavuta la pili, na la tatu.

Kwapani yalikuwa yamelowa jasho. Bado yalikuwa na joto.