Saa Isiyo na Mishale

Haya yalimkuta rafiki yangu, fundi saa, mchana kweupe. Bibi mmoja alimletea saa ya shaba isiyo na mishale.

"Ipanguse vumbi tu, mwanangu. Usiitie ufunguo. Imehifadhi miaka ya watu."

"Basi bibi, niazime miwili mitatu," fundi akatania.

Bibi hakucheka. Alipoondoka, fundi alijimiminia chai, akaipangusa saa, na kwa mazoea ya mkono akaitia ufunguo.

Giza likashuka dukani. Saa zote ukutani zikanyamaza. Akasikia watu wengi wakihema karibu na sikio lake, kisha mmoja akanong'ona, "Miwili, au mitatu?"

Mwanga uliporudi, chai ilikuwa bado inafuka mvuke. Akanyoosha mkono, akashindwa kukishika kikombe: kucha zake zilikuwa zimerefuka hadi zikajikunja viganjani.