Bibi Harusi wa Nakala ya Tatu

Frankline alikuwa amefinya video nyingi katika kibanda chake cha Kariobangi, na alijua kinachotangulia kuharibika ni nyuso. Ukizidi kuipunguza video, watu hugeuka vijisanduku vya rangi. Ila katika video ya harusi aliyokuwa akiifinya leo kulikuwa na mwanamke mmoja, nyuma kabisa karibu na ua, ambaye uso wake haukuvunjika hata kidogo.

"Ni kamera tu," alijiambia.

Kanda yenyewe ilikuwa kuukuu. Ilikatika baada ya kuchezwa mara moja, akabaki na nakala ya kwenye kompyuta. Hiyo ndiyo picha pekee iliyosalia ya Roseline, bibi harusi, aliyefariki siku ya kumzaa Amondi. Amondi, aliyeileta kanda hiyo, hakuwahi kumwona mamake hata pichani. Alitaka video iwe ndogo, iingie kwenye simu.

Bado ilikuwa kubwa. Frankline akaifinya tena na, kwa ule ubahili wake wa nafasi, akaihifadhi juu ya ile ya kwanza kama alivyozoea, ile ya kwanza ikafutika. Alipoicheza, wageni walikuwa ukungu mtupu, naye yule mwanamke alikuwa ameshafika kwenye meza ya keki, kope zake zikihesabika. Kibanda kikanuka udi. Jirani zake walikuwa fundi wa kuchomelea vyuma na muuza samaki. Nani angefukiza udi saa nne asubuhi?

Jini, moyo wake ukasema. Akabonyeza mashine iongeze ubora, akijua fika kwamba kilichokwisha kutupwa hakirudi, na mashine ikakoroma, na spika alizokuwa amezichomoa zikaanza kunong'ona, na kila asilimia iliyopanda ilimsogeza yule mwanamke kiti kimoja mbele, mpaka akaketi pale alipokuwa Roseline, shela kichwani, na Roseline hakuwa popote.

"Vipi Frankie, iko tayari?" Amondi alikuwa mlangoni.

"Ngoja kwanza. Usiangalie hiyo."

Alikuwa ameshaangalia. Akafunika mdomo kwa viganja.

"Woi! Ndiye huyu? Kumbe nimefanana na yeye hivi!"

Frankline aliona aibu na hofu kwa pamoja. Angemwambia nini, kwamba mamake amefutwa, na aliyemfuta ni yeye?

"Mama," Amondi akaita kwa sauti ndogo.

Bibi harusi akageuka kwenye kioo cha kompyuta.

"Amondi," akaitika. "Nitoe huku."

Amondi akamkabidhi Frankline simu yake, machozi ya furaha yakimtiririka.

"Mweke hapa, Frankie. Naenda na yeye nyumbani."