Aliyeizamisha Kalubwira

Maiti ilikuwa kompyuta. Ilikutwa Jumapili, saa nane mchana, imelazwa ndani ya bafu la nyumba moja ya ghorofa mtaani Phillips. Maji yalikuwa yamefika ukingoni, na taa zake zote za rangi zimezimika.

Inspekta Nkirote aliinama akaitazama. Alikuwa na miaka kumi na mmoja katika polisi ya Minneapolis, na alijua wenzake wangemcheka wiki nzima. Lakini mashine ilikuwa ya dola elfu saba, na kuharibu mali ya thamani hiyo ni jinai, ucheke usicheke.

Mwenyewe, Bonheur, kijana wa miaka ishirini na miwili, alisimama mlangoni akitafuna kucha. Mtandaoni hakuna aliyemjua kwa jina hilo. Huko aliitwa Kalubwira, mpiga shabaha hodari wa michezo ya vita, mwenye mashabiki laki tatu. Jumamosi iliyofuata alitakiwa kucheza nusu fainali.

"Kalubwira ni nini?" Nkirote aliuliza.

"Ni village yetu, huko Congo. Mimi siikumbuki, I was three. Niliiona kwenye papers za resettlement tulizopewa kama wakimbizi, nikapenda tu sound yake."

Kilikuwa kijiji kidogo cha mlimani, kilichoteketezwa kwa mchana mmoja. Mama yake, Emérance, alikuwa jikoni, bado amevaa kitenge cha sare ya kwaya. Alisema alikuwa kanisani tangu saa nne asubuhi. Bonheur alikuwa kitongoji cha Eagan akifanya mazoezi na timu yake, na timu nzima ilithibitisha.

Mlango haukuvunjwa. Alama za vidole zilikuwa za wenye nyumba tu. Funguo zilikuwa mbili, ya mama na ya mwana. Lakini Bonheur alikumbuka mtu wa tatu aliyewahi kuwa na ufunguo: Gilbert, Mkenya aliyeishi nao hadi Februari, akafukuzwa kwenye timu, akaapa kwamba Kalubwira atajuta.

Nkirote alimfuata mji wa Anoka, kwenye nyumba ya kutunzia wazee alikofanya kazi.

"Ulimtishia Bonheur?"

"Nilikuwa na hasira, madam. Maneno tu."

"Jumapili ulikuwa wapi?"

"Hapa hapa. Nili-clock in saa moja asubuhi, nikatoka jioni. Uliza supervisor."

Aliuliza. Ilikuwa kweli, na njia ile ikafungwa.

Akaomba ujumbe wa watu wote ambao Bonheur aliwahi kuwafungia wasimwandikie tena. Zilikuwa kurasa sitini na mbili za matusi. Nkirote alizisoma zote, maana ni mtu wa kusoma mpaka mwisho hata karatasi ya dawa. Wengi walitaka afe. Mmoja tu aliandika Kiswahili, akiulizia mama fulani. Nkirote akampita, akaendelea kutafuta adui.

Jumanne alizirudia picha za eneo la tukio, na safari hii akaona nyaya. Zilikuwa saba, zimepangwa kando ya bafu, kila moja imekunjwa kwa umbo la namba nane na ncha yake kuchomekwa katikati. Mtu mwenye chuki hakunji nyaya. Anazikata.

Mkunjo ule aliujua. Kabla ya upolisi alisafisha maofisi ya Eagan miaka minne, na kila jioni wasimamizi walikagua waya wa mashine ya kufagilia. Usipoukunja hivyo, unaukunjua na kuanza upya. Nkirote aliinuka taratibu, moyo mzito, kwa sababu alikumbuka kwamba Emérance naye ni msafishaji wa maofisi.

Alimkuta nyumbani na mwanawe. Akamsomea haki yake ya kukaa kimya, kisha akaketi.

"Mama Bonheur, Jumapili uliondoka kanisani saa ngapi?"

"Sikuondoka."

"Kanisa lenu linarusha ibada mtandaoni. Wakati wa matoleo, wamama wa kwaya walipita mbele ya kikapu wakicheza, mmoja mmoja. Nimetazama mara tatu. Wewe hukupita."

Emérance alianza kupangusa meza.

"Na nyaya ulizikunja."

Mama aliitazama mikono yake kana kwamba ndiyo iliyomchongea. "Ni mazoea," akasema.

Bonheur alicheka, kisha akaona hakuna mwingine anayecheka. "Maman? Juu ya nini ulifanya hivyo?"

"Musiniite tena Mama Bonheur. Mimi ni Mama Rachelle. Bonheur ni wa pili."

"Rachelle ni nani?"

Hapo ndipo Emérance alipolia. Alisimulia vipande vipande. Siku Kalubwira ilipoungua, alimbeba mdogo mgongoni, akamshika mkubwa mkono, msichana wa miaka tisa. Mtoni watu walisukumana na ule mkono ukamponyoka. Hakumwambia mwanawe kamwe. Kumtaja Rachelle ni kumlilia, alisema, na kumlilia ni kumzika, naye hakuwa tayari kumzika mtu ambaye hakuiona maiti yake.

Alimtafuta kimyakimya. Alimwomba muumini mmoja amwandikie tangazo mtandaoni, lenye jina la kijiji. Kila Jumapili aliandika "Kalubwira" kwenye simu, akaona picha ya mlima na lile tangazo lake. Aliamini kwamba Rachelle, kama yu hai, siku moja ataandika neno hilohilo. Kisha mwanawe akapata umaarufu. Tangazo likazikwa chini. Sasa ukiandika Kalubwira unaona bunduki, na mwanawe akicheka juu ya watu waliokufa.

"Nilimuomba abadilishe jina. Mara tatu. Akasema ni brand yake," alisema. "Nikawaza, mashine ikikufa, ile jina itarudi kwa kijiji."

Hakujua kwamba timu ingemletea Bonheur mashine nyingine kesho yake.

Nkirote hakuandika neno. Alikuwa akipekua zile kurasa sitini na mbili kwa haraka, akijichukia. Alipoufikia ukurasa wa arobaini na moja, aliusoma kwa sauti: "Weye unaitwa Kalubwira, uko mutoto wa nani? Miye natafuta mama yangu. Kwetu balimuita Mama Rachelle. Kama uko wa kwetu, unijibu."

Ujumbe ulikuwa wa miezi saba iliyopita. Jina la Emérance halikuwamo, kwa sababu mtoto wa kule hamtaji mzazi wake kwa jina. Lile jina la mchezo lilikuwa limefanya kazi ambayo tangazo halikuiweza kwa miaka yote.

Bonheur aliichukua simu. Alimfungulia yule mtu, akaandika, akangoja. Akaunti ilikuwa imefutwa. Alisema analiondoa shtaka, lakini hakuna aliyemjali.

"Ulimujibu nini?" mama aliuliza.

"Maman, nilifikiri ni joke. Watu wananitania kila siku."

"Ulimujibu nini?"

Aliinamisha kichwa. "Nilimwandikia, hapa hakuna Rachelle."

Emérance aliukunja ule ukurasa mara mbili, kingo kwa kingo, akauweka kifuani ndani ya kitenge.

"Haukudanganya," alisema. "Mimi ndio nilikufundisha vile."