Koti la Mume Wangu Lilivyofika Ufaransa

Nina umri wa miaka arobaini na minne, mkazi wa hapa Newala, mama wa binti mmoja ambaye ameolewa Mtwara. Elimu yangu ni kidato cha nne. Daraja nililopata sitalitaja, maana halihusiani na mkasa huu, na wala haliwahusu ninyi.

Mimi si mtu wa kutoka. Ukitaka kuniona lazima uingie mpaka uani, jikoni. Safari yangu ndefu ni kwenda Masasi kununua kitenge, na nikifika huko nakinunua haraka haraka nirudi kabla nyumba haijanisahau. Sasa niambieni, wasomaji wenzangu, siri za mtu wa namna hii zilifikaje Ufaransa? Mimi mwenyewe pasipoti sijawahi hata kuiona.

Mume wangu, Baba Zuhura, alikuwa dereva wa lori. Msimu wa korosho ukifika alibeba magunia kutoka huku juu na kuteremka nayo Masasi. Mwaka mmoja gia ya lile lori ikaanza kuharibika. Ikiharibika leo, kesho inatengenezwa, keshokutwa imeharibika tena. Na kila ilipoharibika ilichagua kuharibikia Mkomaindo, huko huko Masasi, karibu na nyumba ya mwanamke mmoja muuza mitumba...

Nami nilikuwa namwonea huruma. Akirudi namchemshia maji ya kuoga, nampa pole ya lori bovu. Pole!

Siku aliyoondoka moja kwa moja alisema anapeleka lori gereji. Nikamwona anakunja mswala, anachukua na redio. Jamani, nani anaenda gereji na mswala? Niliona, nikaelewa, nikanyamaza. Halafu nikamfungia mihogo ya kuchemsha ya kula njiani. Huyo ndiye mimi.

Nyumba hii nimeachiwa na mama yangu mzazi, kwa hiyo aliyehama ni yeye. Mimi nilibaki na kuta zangu, pamoja na mpangaji niliyekuwa naye chumba cha uani.

Mpangaji huyo ndiye chanzo cha maandishi haya. Jina lake Odile, sisi tukamwita Odili, Mfaransa. Shangazi yake aliwahi kuwa muuguzi hospitali ya misheni Ndanda, na Odili alipokuwa mtoto aliletwa huko kila likizo, ndiyo maana alijua Kiswahili. Lakini kilikuwa Kiswahili cha kanisani. Hata akiomba chumvi utadhani anaanza sala.

Kazi yake ilikuwa kuandika filamu na kuziongoza. Alikuja Newala kutafuta hadithi. Akawa anashinda nami jikoni tukipukuchua mbaazi, na mbaazi mnazijua, hazipukuchuliwi kimya kimya. Yeye ndiye aliyeanza kueleza mambo yake.

Alianza kazi akiwa msichana, akimwandikia mzee mmoja mwongozaji maarufu wa kwao. Akamwandikia hadithi ya mama yake mwenyewe, mama aliyekuwa akioka mikate na kuzungumza na unga kwa sababu hakuwa na mtu mwingine wa kuzungumza naye. Yule mzee akaitengeneza filamu, akaweka jina lake yeye. La Odili likatokea mwishoni kabisa, maandishi madogo kama sisimizi, wakati watu wameshainuka wanatafuta mikoba yao. Mama yake akaiona ile filamu. Hakusema na binti yake kwa muda mrefu sana.

Baadaye akatengeneza ya kwake mwenyewe, ya dada wawili wenye baiskeli moja. Ikasifiwa kidogo. Ya pili ilimhusu mwanamke aliyeachwa, mume anarudi, mwanamke anafunga mlango. Hiyo ikaanguka vibaya. Alisema siku ya kwanza kuonyeshwa, watu walitoka ukumbini mmoja mmoja, yeye amekaa nyuma anahesabu migongo.

"Hii ya tatu ikianguka, dada, sipewi kamera tena," aliniambia, na machozi yakamtoka juu ya mbaazi zangu.

Nilimpa uji. Nikamtukana yule mzee kwa Kimakonde, Odili akaomba tafsiri, nikamwambia Kiswahili hakiwezi kubeba uzito ule. Akacheka. Tukawa ndugu.

Basi mume alipoondoka na mswala wake, nani mwingine ningemwambia?

Nilimwambia yote, mpaka la koti. Baba Zuhura alisahau koti lake la baridi kwenye msumari, na mnajua asubuhi za ukungu huku kwetu. Nikaanza kulivaa nikiwasha moto. Kisha nikaanza kuliongelesha. Naliuliza, umekula? Gia imepona? Jioni nalipakulia ugali, nafunika kwa kawa, asubuhi nawapa kuku. Mama mzima, mtu wa kidato cha nne!

Odili alinisikiliza bila kuandika hata neno moja. Hakurekodi. Ndiyo maana nilimwamini... Sikujua kwamba mtu anaweza kuwa na kichwa kama gunia, unatia tu, hakivuji.

Siku moja aliniuliza, "Dada, mtu akipiga hodi nawe humtaki, mnamjibu nini?"

Nikacheka. Nikamwambia hilo neno hatuna. Hodi ikipigwa, jibu ni karibu. Kama humtaki utajijua mwenyewe akishaketi.

Msimu ukaisha, Odili akarudi kwao akilia. Alipiga simu mara nyingi, kisha mara moja moja, kisha kimya. Nikasema watu wana kazi zao. Nami nikaendelea na yangu. Taratibu nikaacha kupakulia koti chakula. Nikaacha kuliongelesha. Nikalirudisha kwenye msumari likakaa kama nguo nyingine yoyote. Chumba alichokuwa akitunzia vyuma vyake vya lori nikaweka cherehani. Nilipona, jamani. Nilipona bila shangwe, lakini nilipona.

Ndipo siku moja jirani yangu Mama Hamisi akaingia uani mbio, ametoka Masasi, hata mzigo hajatua.

"Mama Zuhura, kaa chini."

"Nimekaa."

"Kaa vizuri."

Akafungua simu. Ilikuwa filamu ya Kifaransa, na kijana mmoja wa vibanda vya video vya Masasi ameweka sauti yake juu, anatafsiri. Mwanamke mmoja mwembamba yuko jikoni asubuhi, amevaa koti la mwanamume. Analiuliza koti, umekula?

Nilihisi masikio yanawaka.

Nchi ilikuwa nyingine, jina la mwanamke lilikuwa jingine. Lakini gia ilikuwa ile ile! Mswala ulikuwa ule ule! Hata ile mihogo ya njiani ilikuwepo. Kitu pekee alichonipendelea Odili ni kiuno. Yule aliyeniigiza alikuwa na kiuno, nami hapo tu nilishukuru.

Mwisho wa filamu mvua inanyesha, mume anarudi na begi. Anapiga hodi. Mwanamke amesimama ndani na koti, anakaa kimya mpaka unataka kumsukuma. Halafu anasema karibu, anafungua mlango, anamvua mumewe nguo iliyolowa na kumvika lile koti. Muziki. Watu wanalia. Na maandishi makubwa: imeandikwa na kuongozwa na Odile.

Nilingoja mpaka wale sisimizi wa mwisho wakapita wote. Mimi sikuwemo hata humo.

Filamu ile ndiyo iliyompandisha. Mama Hamisi akanionyesha na picha, Odili ameshika tuzo, amependeza, anatabasamu. Mtu aliyelia juu ya mbaazi zangu!

Ndani ya wiki Newala yote ilikuwa imeiona. Nikaitwa Mama Koti. Watoto wakinikuta dukani, "Shikamoo Mama Koti," nami naitika marahaba, ningefanyaje? Hata muuza mkaa aliniuliza koti limeamkaje.

Nilimpigia Odili. Alipokea kwa furaha, dada, dada... Nikamuuliza kwa nini.

"Nilibadilisha jina," alisema. "Nilibadilisha na nchi. Nilijua hakuna atakayekutambua."

"Na koti?"

"Koti lilikuwa zuri mno. Sikuweza kuliacha."

"Yule mzee, alipochukua mikate ya mama yako, alikuambia nini?"

Akasema kwa sauti ndogo, "Aliniambia hivyo hivyo."

Nikamuuliza na mlango je? Kwa nini yule mwanamke alifungua, wakati mimi sikuwahi kumwambia ningefungua? Akasema mlango aliwahi kuufunga kwenye filamu ya pili, watu wakatoka ukumbini. Safari hii wenye pesa za filamu walimwambia waziwazi: ufungue, au kazi hii apewe mwingine.

Yaani Odili alipata kazi yake kwa kufungua mlango wangu.

Nilidhani aibu ndiyo mwisho wa mkasa. Kumbe ilikuwa salamu tu. Wifi yangu, dada yake Baba Zuhura, akaja kuniona. Akanywa chai yangu vikombe viwili, ndipo akatoa ya moyoni.

"Wifi, kwenye ile filamu umefanya jambo la maana sana. Umesamehe."

"Wifi, yule si mimi."

"Koti si lako?"

"Koti la kaka yako."

"Basi. Mpaka Wazungu wamekuona una moyo mzuri, wewe nani ukatae?"

Nikaelewa mambo yanakoelekea. Kumbe Baba Zuhura aliiona filamu kwenye kibanda huko Masasi, akalia mbele za watu. Yule wa mitumba naye aliiona. Yeye hakulia. Alimwambia, kama mkeo anakungoja hivyo, nenda, na redio yako uchukue.

Mtaa mzima ukawa unangoja. Mama Hamisi alihamishia ungo wake wa mbaazi upande unaotazama mlango wangu. Nami usiku na mchana swali lilikuwa moja: je, nitalazimika kuishi mwisho alioniandikia mtu mwingine? Cherehani yangu nitaipeleka wapi? Nianze tena kuchemsha maji ya kumwogesha mtu wa gia?

Alikuja alasiri. Mvua haikuwepo, ilikuwa vumbi tu, lakini alijitahidi, alikuwa amejimwagia maji ya kutosha usoni. Begi mkononi, redio begani, mswala kwapani. Akasimama pale pale aliposimama yule wa kwenye filamu.

"Hodi."

Nilikuwa ndani, mkono uko kwenye komeo. Nitasema ukweli, ile sauti niliijua kwa miaka ishirini, na magoti yangu yalitaka kuitika kabla yangu. Neno karibu lilishafika kwenye ulimi. Hatuna jingine! Nilimwambia Odili mwenyewe.

"Hodi humu ndani."

Nikasema, "Nakuja."

Nikalitoa koti kwenye msumari. Nikachukua kigoda na kikombe cha maji, nikatoka, na mlango nikaufunga nyuma yangu. Nikakiweka kigoda barazani.

"Karibu," nikamwambia. "Kaa hapo."

Akatazama mlango. "Ndani je?"

"Umekaribishwa mpaka hapa, Baba Zuhura."

Akakaa. Akanywa maji. Akasema, "Lakini kwenye filamu ulinifungulia."

"Aliyekufungulia yuko Ufaransa. Ana kiuno. Mfuate."

Nilisikia Mama Hamisi anapaliwa na kitu. Nikampa Baba Zuhura koti lake mkononi.

"Lako hili. Nimezungumza nalo sana, yote niliyotaka kukuambia limeshayasikia. Likuhadithie njiani. Mimi sina tena la kuongeza."

Alikaa pale mpaka kivuli kikahama, koti mapajani, anatazama watu wanaomtazama. Kisha akabeba vitu vyake akaenda kwa dada yake. Talaka yangu nilipewa baadaye mbele ya shehe wa mtaa, na baada ya hapo nilikwenda moja kwa moja nyumbani nikashona.

Odili akapata habari, sijui kwa nani, siku hizi habari zina miguu. Akapiga simu. Akaomba radhi, akalia. Akasema amewaambia wenzake jina langu liwekwe kwenye filamu, mwanzoni, herufi kubwa. Nikamwambia sawa, nikiliona nitaamini. Kisha akavuta pumzi, na sauti ikabadilika, ikawa ile ya jikoni, ya mtu anayepukuchua mbaazi bila haraka.

"Dada... hivi alipopiga hodi, ulimjibu nini?"

Nikajua anataka filamu ya nne.

Nilimsikiliza anavyonyamaza. Ananyamaza vizuri sana yule mwanamke, mpaka mdomo wako unajifungua wenyewe. Lakini safari hii nilikuwa nimeshajifunza kutoka nje na kigoda.

Nikamwambia, "Kiswahili unakijua. Utasoma kama wengine."

Ndiyo maana nimeandika haya, kwa mkono wangu na jina la koti nililopewa. Dada zangu, mama zangu, na ninyi kaka mnaosoma kwa kujificha, nawasihi. Mkiumia, semeni, msikae na donda ndani. Lakini anayekusikiliza vizuri kupita kiasi, muulize kwanza anafanya kazi gani. Na hata akishaichukua hadithi yako akaipeleka ng'ambo, akaipa muziki na kiuno, usimwachie mwisho wake. Mwisho ni mlango wa nyumba yako. Atakayepiga hodi mpe maji, mpe kigoda, mheshimu.

Komeo liko upande wako.

Mama Koti,
Newala