Bawaba Isiyolegea

"Njia! Njia, dada! Mbao hazina breki!"

Msichana aliruka pembeni, akajishikiza kwenye rundo la mbao ambazo hazijapigwa randa, na mkokoteni ukapita mbele yake umesheheni boriti hadi pomoni. Alipoinua mkono, kibanzi kilikuwa kimezama kiganjani. Gauni lake la bluu la kazini, lililopigwa pasi likapigika, lilikuwa limeshika vumbi la mbao upande mzima.

"Pole. Lete huo mkono," alisema kijana aliyetokea nyuma ya rundo, randa kwapani.

"Nikupe mkono wangu wewe kama nani?"

"Kama mtu mwenye sindano."

Akampa. Kijana akauinamia mkono ule kama anayesoma maandishi madogo. Ili asisikie maumivu, akamchokoza kwa maswali. Anatafuta nini huku kwenye mbao? Mlango, alijibu. Shangazi yake, aliyemlea tangu mama yake alipofariki, alikuwa anamalizia nyumba. Kila kitu zege na vigae, lakini mlango wa mbele alitaka wa mbao, tena mbao ngumu.

"Shangazi yako ana akili. Mtu ukirudi kwako ukapokewa na geti la chuma, hujui kama umefika nyumbani au umekamatwa. Na wewe kazi yako?"

"Nauza vigae na rangi. Duka lile la ghorofa, barabara kuu."

"Ndiyo maana! Unang'aa, unapendeza, na mtu akikukanyaga vibaya anavunjika kiuno."

Alicheka mpaka akasahau mkono. Kibanzi kilishatoka.

Tangu hapo akawa Kigae. Yeye kijana, pale sokoni kila mtu alimwita Randa, na hata simuni jina lilihifadhiwa hivyo. Simu nazo hazikukauka.

"Kigae wangu, umekula?"

"Nimekula. Wewe umeoga?"

"Nimeoga, nimejisugua, lakini vumbi la mbao ni kama mgeni mpiga soga. Unamsindikiza, anarudi."

Randa hakuwa fundi wa milango tu. Kazi yake hasa ilikuwa kujenga nyumba za mbao kule mtelemkoni, mahali ambapo lori la zege halifiki. Jumamosi moja alimpandisha Kigae kwenye nyumba ambayo bado ilikuwa nguzo na kenchi za paa tupu, upepo ukiingia huku na kutokea kule. Akamwambia afumbe macho, anuse. Mbao mpya zilinukia utamu mkali uliopanda mpaka kichwani.

"Watu wanasema nyumba ya mbao ni banda," Kigae alisema.

"Waache waseme. Wewe unasemaje?"

Kigae aliegemeza kichwa begani kwa Randa, na alipoondoka alikuwa na vumbi shavuni, asilifute njia nzima.

Mlango wa shangazi ukakamilika: mninga mtupu, umesuguliwa na kupakwa mafuta mpaka mishipa ya mti ikaonekana. Siku ya kuhamia, ndugu na jamaa walialikwa, na Kigae mwenyewe ndiye aliyesema, "Njoo. Nataka nikutambulishe."

Randa alikuja. Shati jeupe, suruali yenye mstari, viatu vipya vinavyolia kila hatua. Alikuwa amenyoa, amesugua kucha, lakini rangi ya vanishi ilikuwa bado pembezoni mwa kucha, na nyuma ya sikio lake vumbi la mbao lilikuwa limekaa kama poda.

Sebuleni walikuwa wameketi wakwe wa dada yake Kigae, watu wa manukato mazito, mmoja ameweka funguo za gari mezani ili zionekane. Mama mkwe aliinua miwani, akamtazama Randa kuanzia kichwani mpaka kwenye viatu.

"Na huyu kijana?"

Kigae aliliona lile vumbi nyuma ya sikio. Aliona vilevile kwamba mama mkwe ameliona. Ulimi ukamteleza.

"Huyu ni fundi wa mlango. Amekuja kukaza bawaba."

Randa alimtazama mara moja tu.

"Ndiyo, mama," alisema taratibu. "Imelegea kidogo."

Aliomba bisibisi. Akapiga magoti mlangoni na shati lake jeupe, akakaza bawaba aliyoikaza mwenyewe juma lile, ambayo haikuwa imelegea hata kidogo. Alikaza kwa muda mrefu, mgongo kwa watu. Shangazi alitazama bila kupepesa, kisha akasema, "Mpelekeni fundi jikoni apate chai."

Alikunywa, akashukuru, akatokea mlango wa nyuma.

Jioni ile Kigae alipiga simu, haikupokelewa. Kesho yake vilevile. Aliandika "nisamehe mpenzi", akafuta, akaandika tena, akafuta. Kazini mteja alimuuliza bei ya rangi akamtajia ya vigae. Kila akifumba macho aliuona ule mgongo mweupe umeinama.

Hatimaye simu ikapokelewa, na sauti ilikuwa ya mwanamke.

"Randa? Yuko juu ya paa, mpenzi, hawezi kushuka. Nimwambie nani?"

Alikata. Kumbe! Kumbe ana mtu, wala hakukawia! Na ukweli usemwe: alipata nafuu. Hasira ni mzigo unaobebeka; aibu haina pa kushikia. Akavaa gauni lake jekundu, la kuumiza roho za watu, akaenda mtelemkoni kuitoa hasira yake.

Alimkuta mwanamke wa makamo, kitambaa kichwani, akichambua misumari iliyopinda. Kabla Kigae hajafungua kinywa, yule mama aliinuka na mikono wazi.

"Usiniambie! Wewe ndiye Kigae! Karibu, wifi yangu, karibu! Mimi dada yake mkubwa." Akamkumbatia mpaka gauni likakunjamana. "Alitusimulia mlivyompokea. Ati wageni wote walisifu mlango, na shangazi yako akaagiza apewe chai! Mama yetu alifurahi, wifi, mpaka machozi."

Randa alikuwa amemfichia aibu yake hata kwa mama yake mzazi.

Aliposhuka ngazi na kumwona, Randa aliweka nyundo chini. Dada yake akaiokota misumari yake, akaondoka kimyakimya.

"Umependeza," alisema Randa.

"Usinisifu. Nitukane."

"Sina tusi, Kigae. Kusema kweli, uliyosema wewe yaliniuma, lakini kuliko yote niliumia kwamba niliitikia. Nikiwa pale chini nilijiuliza, mtu huyu nitampigia magoti mara ngapi?"

Kigae alitoa simu, akampigia shangazi, akaweka spika.

"Shangazi, yule fundi wa siku ile... hakuja kwa ajili ya bawaba. Ni mpenzi wangu. Nilidanganya kwa sababu niliona aibu."

Shangazi alikohoa kidogo.

"Mwanangu, mlango ule naufungua mimi kila asubuhi. Bawaba haijalegea. Nilijua hata kabla hajaingia na viatu vyake vipya. Kiti kitupu pembeni yangu hukukiona? Nilikuwa nimemwekea yeye. Nilingoja useme. Ulipomwita fundi, ningefanya nini, nikuumbue mbele ya wakwe? Hakuna aliyemwonea aibu mle ndani ila wewe. Yuko hapo?"

"Yuko."

"Basi kata simu umwombe msamaha. Mimi si mkalimani."

Aliomba. Maneno yalitoka vipande vipande. Randa alisikiliza mpaka mwisho.

"Sijasema sikutaki," alisema. "Ila sijui kusahau kwa siku moja. Ubao ukitoka kukatwa huujengei. Unaupanga upigwe na hewa, unausubiri. Ukiuharakisha unapinda, na ukipindia ukutani nyumba nzima inajua."

"Na mimi nifanye nini?"

"Njoo tu. Sijakufukuza."

Akawa anakuja akitoka kazini. Alishika ncha ya kamba ya kupimia, alibeba maji, alinyamaza alipotakiwa kunyamaza. Kwa wale wakwe wa dada yake alikwenda peke yake, akawaambia ukweli; mama mkwe akavua miwani, akaifuta. Kuna siku Randa alicheka naye kama zamani, kuna siku alipita bila kumtazama. Hakulalamika.

Mvua za kwanza zilipopiga bati, nyumba ilikuwa na sakafu. Walikuwa wameketi juu ya mbao mpya, migongo ukutani.

"Utakubali nikuoe?" aliuliza Randa kwa sauti ndogo, akitazama mvua.

Kigae aliinamisha kichwa. "Sistahili."

"Sikuuliza kama unastahili. Nimeuliza kama unakubali."

"Nakubali," alisema, lakini aibu ya siku ile ilikuwa bado inamchoma, hakuweza kumtazama usoni. Macho yake yalibaki sakafuni. Randa hakumwinua kidevu wala hakumharakisha. Alikaa pale, mvua ikipiga, mpaka Kigae alipoinua macho mwenyewe.