Upande Wenye Ganzi

Mgonjwa alikuwa amenyamaza, lakini upande wa kushoto wa mdomo wake ulikuwa unasema.

Alikuwa fundi cherehani, mama mmoja mnene, mcheshi, aliyeingia kliniki akilalamika kwamba gego lake la chini limemwajiri kuwa mlinzi, kwa jinsi lilivyomkesheza. Daktari wa meno alikuwa ameshamchoma sindano ya ganzi na sasa anasubiri ishike. Mgonjwa ametulia kitini, macho kwenye feni ya dari. Ile nusu ya midomo yenye ganzi ikawa inapanda na kushuka taratibu, inaachana, inakutana, kama midomo ya mtu anayesoma kimoyomoyo. Nusu ya pili haikutikisika.

"Mama, unasema kitu?" daktari akauliza.

Fundi akatikisa kichwa. Kwa ulimi mzito akajibu kwamba hajasema neno, na hata angetaka kusema, mdomo wenyewe hajui uko wapi.

Daktari akajiambia ni misuli tu imeshtuka. Lakini chumba kile, ambacho siku zote kilinuka mafuta ya karafuu, kikaanza kunuka dawa ya kuchua. Aliijua dawa ile. Alikuwa akiinunua mwenyewe, chupa baada ya chupa, kumchulia mkewe mkono uliopooza, na siku waliyotoka kuzika alizitupa chupa zote.

Mkewe alipigwa na kiharusi mapema mwaka ule. Upande mmoja wa mwili ukafa, mdomo ukaenda kombo. Alikaa kitandani wiki nyingi, akili yake nzima, anamtambua kila anayeingia, ila kila alichosema kilitoka kimevurugika. Siku za mwisho alikuwa akimkazia macho mumewe na kusema jambo moja tu, anarudia, anarudia, mpaka machozi yanamtoka. Na mumewe, mtu aliyemaliza ujana wake wote akichungulia vinywa vya watu, hakuelewa hata silabi. Mama wa watu akafa nalo. Majirani walimwambia daktari kazi ya Mungu haina makosa, naye akaitikia. Upweke angeweza kuuvumilia, wagane wapo tele na wanaishi. Neno lile ndilo lililomnyima usingizi.

Hapa inafaa tuseme kidogo habari za ganzi, maana watu huchomwa wakaenda zao bila kuuliza. Kwa meno ya chini daktari huyu alizoea kuchoma ganzi ya taya. Sindano huingizwa nyuma kabisa ya kinywa, pale taya linapopinda kupanda sikioni, na dawa humwagwa karibu na mshipa mkuu wa fahamu kabla haujaingia kwenye mfupa. Mshipa ukishafungwa pale, nusu nzima ya taya inalala: magego, mdomo, kidevu, na mara nyingi nusu ya ulimi. Ni kuzima swichi kubwa ya nyumba kwa ajili ya balbu moja. Kwa saa mbili tatu mtu anatembea na nusu ya uso isiyo yake.

Baada ya fundi akaja dereva wa lori, jitu la miraba minne lililoogopa sindano kuliko mtoto. Ganzi iliposhika, harufu ya dawa ya kuchua ikaingia kwanza. Kisha mdomo wa dereva, upande uliolala, ukafunguka kidogo.

"Baba Kasuku," ukasema.

Sauti ilikuwa ya kike, ya chini, yenye kuburuta. Kasuku ni jina la utani alilopewa binti yao na mama yake, kwa kuwa mtoto yule alianza kuongea kabla ya kutembea na hajanyamaza mpaka leo. Na mtu mmoja tu duniani alikuwa akimwita daktari kwa jina la mtoto.

"Nataka… kukwambia…" ukasema mdomo, kisha dereva akakohoa, na upande ule ukalegea ukawa nyama tu. Dereva akauliza kama kuna sisimizi humu ndani, maana amehisi kitu kimemtembelea mdomoni. Hakusikia kingine. Nesi, aliyekuwa akiosha vifaa kwenye sinki, hakusikia sauti ila alikunja pua, akauliza kwa upole ni nani aliyejipaka dawa.

Daktari akaliinamia gego la dereva. Moyo ulikuwa unamwenda mbio, na ukweli usemwe, ilikuwa kwa furaha.

Tangu hapo akawa mtu wa ganzi ya taya. Jino la mbele ambalo sindano ndogo ya ufizi ingelitosha, yeye anazamisha ile ya nyuma. Ganzi ikianza kuisha kabla ya mdomo kumaliza, anaongeza. Mgonjwa amelala macho juu, daktari ameinama sikio mdomoni kwake, na sauti inamgawia maneno kama mchoyo anayegawa sukari: "Nataka kukwambia… lile neno…" kisha basi. Jioni anarudi nyumbani amechangamka, anasahau kula. Kasuku anamsimulia mambo ya shuleni, yeye anaitikia mhm, mhm. Mtoto akamwambia gego la chini linamuuma, akampa kidonge cha maumivu, akasema wiki ijayo. Wiki ijayo akasema tena wiki ijayo.

Nesi alikuwa mtu mzima na macho yake yalikuwa yanaona. "Daktari," alimwambia siku moja kwa kunong'ona, "dawa inaisha upesi kuliko wagonjwa. Na hawa watu wanarudi."

Kweli walikuwa wanarudi. Wa kwanza alikuwa yule fundi cherehani. Ucheshi wote ulikuwa umemtoka. Ganzi yake haikuisha, alisema, siku zinakwenda na nusu ya mdomo bado imekufa, na kila akiamka asubuhi anaukuta umetafunwa. Daktari akamtazama akiwa tayari na maelezo, maana ni jambo la kawaida, hasa kwa watoto, mtu kujing'ata mdomo wenye ganzi bila kujua. Mdomo wa chini ulikuwa umechakaa, na juu ya kidonda kulikuwa na alama za meno ya juu, zimepangana vizuri, kubwa kwa ndogo. Akamwomba afungue kinywa. Meno ya juu ya upande ule mama yule alishang'olewa yote tangu zamani.

Daktari akampa dawa ya kupaka, akamruhusu aende. Aliogopa. Lakini kesho yake alipoletewa gego jingine la chini, mkono ulikwenda wenyewe kwenye sindano ndefu ya taya.

Mgonjwa yule alikuwa mganga. Alikuja mchana wakati watu wamekwenda kula, amejifunika shali mpaka puani, kwa sababu si sifa nzuri kwa mtu anayetibu wengine kuonekana akisubiri foleni ya jino. "Mganga hajigangi," alijitetea kabla hajaulizwa, "nimelisomea mwezi mzima, limenizidi kelele." Daktari akacheka, akamchoma, wakasubiri.

Harufu ikaja. Mganga akafumba macho. Aliinua mkono taratibu, akaushika mdomo wake wenye ganzi kwa vidole viwili, kama unavyomshika mtu mkono asikimbie, na kwa upande uliobaki hai akasema kwa sauti ya chini, "Huyo aliyeingia, ninamhisi. Sema shida yako."

"Baba Kasuku," ukasema mdomo katikati ya vidole. "Mlete mtoto. Mdomo wa mtoto ni mlaini. Humo nitalimaliza lile neno. Humo nitakaa."

Nesi safari hii alisikia. Trei ikamponyoka.

Mganga hakuachia vidole mpaka nyama ikalegea. Jasho lilikuwa limelowesha shali. "Ni mkeo?" aliuliza. Daktari akaitikia kwa kichwa, kwa kuwa alikuwa analia. "Pole, daktari. Maiti hawarudi. Kinachorudi ni kile kilichokuwa kimesimama mlangoni kinasikiliza watu wakilia. Kilikusikia unalilia neno, kikakufanyia chambo cha neno. Kingekuwa mkeo kingeuliza kama mtoto amekula."

Daktari akamsimulia habari za mdomo wa fundi, akamwomba akitoe. Mganga akasema kwa huyu na yule anaweza, na yule fundi aletwe kwake leo hii. "Lakini nitakitoa mara ngapi? Jini haliingii nyumba yenye mwenyewe ndani. Wewe unamtoa mwenyewe, unaacha mlango wazi, halafu unakaa kizingitini unaita karibu. Hakuna sindano isiyoua mdomo?"

"Ipo," daktari akasema. Alisema polepole, kama mtu anayekiri. Jino, akaeleza, halikupigiliwa kwenye mfupa kama msumari ukutani. Limening'inizwa kwa nyuzi ngumu fupi zinazolizunguka mzizi, nazo ndizo ligamenti. Kati ya jino na mfupa pana upenyo mwembamba kama unene wa karatasi. Ipo sindano ya ligamenti: unachomeka ncha fupi kwenye upenyo ule, unasukuma matone machache kwa nguvu na kwa utaratibu, dawa inapenya mpaka kwenye mzizi, na jino moja tu ndilo linalolala. Mdomo uko macho, ulimi uko macho. Hutumiwa kwa watu ambao damu yao haigandi upesi, kwa jino lililokataa ganzi ya taya, au pale usipotaka mtu atoke na nusu ya uso. Haitumiki penye usaha. Inauma inaposukumwa, na jino huweza kubaki na maumivu siku moja mbili.

"Kumbe inauma," mganga akasema, akijifunga shali. "Basi hiyo ndiyo yako."

Jumapili, kliniki ikiwa imefungwa, daktari akampeleka Kasuku huko. Mtoto alikuwa hawezi tena kutafuna. Akakaa kitini miguu ikining'inia, akimsimulia nesi habari za mwalimu wao anayelala darasani. Nesi akaweka kwenye trei sindano mbili, ile ndefu ya taya na ile fupi ya ligamenti yenye mpini wa kubana, akarudi nyuma akasimama ukutani.

Harufu ilikuwa imeshatangulia. Madirisha yamefungwa, feni imezimwa, na bado pazia lilikuwa linatikisika, na katika bomba la bakuli la kutemea pakasikika pumzi, ya kuburuta, ile ile aliyoisikia wiki zote zile akiwa amekaa ukingoni mwa kitanda ameshika mkono usiomshika, na pumzi ikawa sauti, na sauti ikamwita Baba Kasuku kwa upendo ambao hakuna mtu aliyebaki wa kumwita nao, ikamwambia ni leo, ni sasa hivi, chukua ile ndefu, neno lenyewe ni fupi, utalisikia lote, hutakesha tena, na mkono wake ukaenda, akauona ukienda, vidole vikaishika sindano ndefu vikaiinua, na mtoto, ambaye alimwamini baba yake kama watoto wote wanavyoamini, akafunua kinywa chake kidogo, akafumba macho na kungoja.

Daktari akaitazama midomo ile. Ilikuwa imekauka kwa kukesha na jino, na kwenye pembe ilikuwa na wino wa kalamu.

Akaiweka chini sindano ndefu.

"Mwanangu, hii itauma," alisema. "Nishike nguo."

Akachomeka ile fupi kwenye upenyo wa gego, akabana mpini. Mtoto akaguna na kulivuta koti lake mpaka kifungo kikatoka. Katika bomba kitu kikalia, kilio kirefu cha mke wake kabisa, kikimlaumu, naye akaendelea kubana, tone kwa tone, machozi yakimdondokea mikononi. Mzizi wa mbele, kisha wa nyuma.

"Finya mdomo wako," akamwambia.

Kasuku akaufinya. "Aa! Unauma."

Bomba likanyamaza. Daktari akachimba jino, akalisafisha, akaliziba, na alipomaliza chumba kilikuwa kinanuka karafuu tu. Tangu siku hiyo hakumchoma tena mtu ganzi ya taya. Aliyeihitaji alimtuma kwa mwenzake. Fundi cherehani alisomewa na mganga, mdomo ukamrudia, na utani pia. Lakini hayo yalikuja baadaye. Siku ile daktari alibaki ameinama juu ya kiti, machozi yakimtoka.

"Baba, unalia nini? Nimeumwa mimi."

Akajaribu kumdanganya, akashindwa. "Mama yako alitaka kuniambia kitu. Siku zile za mwisho. Sikumwelewa, na sasa sitakijua tena."

"Kitu gani?"

Daktari akajifuta uso. Kisha akapindisha mdomo wake na kuitoa ile sauti iliyovurugika, kama alivyoisikia na kuibeba tangu siku zile.

"Aa, hiyo?" Kasuku akasema, akijifuta mate kwa mkono. "Dirisha. Alikuwa anasema umfungulie dirisha, anasikia joto. Mimi nilikuwa namfungulia ukienda kazini, anafurahi. Ukirudi unalifunga, unasema upepo utamdhuru." Akamtazama baba yake. "Kwani wewe ulidhani anasema nini?"

Nesi akamtelemsha mtoto kitini akamtoa nje. Daktari alikuwa amekaa sakafuni, analia kwa sauti.